Upindo wa Uzi Mweusi

Bosi alikuwa hakai. Kwa miaka tisa aliyoandika na kusimamia tamthilia ya kila Jumamosi, hakuna aliyewahi kumwona ameketi zaidi ya dakika tano, labda daktari wa meno. Aliandika amesimama, akala amesimama, akabishana na wenye kituo cha televisheni akiizunguka meza yao mpaka wakapata kizunguzungu na kukubali. Penseli ilikaa nyuma ya sikio lake la kulia kama amezaliwa nayo, na ukimweleza jambo zito mkono ulipanda kuichukua kabla hujamaliza. Marafiki walijifunza kunyamaza. Mume wake wa zamani alichelewa kujifunza, akajikuta yumo kwenye sehemu ya sitini, na upara wake na kila kitu.

Siku hiyo, saa sita mchana, miguu ilikuwa inamwasha kuliko kawaida. Saa nane walitakiwa kurekodi onyesho kubwa la sehemu ya mia nne. Mwigizaji alikuwa ameshapambwa uso, na gauni halijafika. Mshonaji wa mavazi yote ya tamthilia ile alikuwa dada yake, na dada yake hapokei simu.

"Labda chaji imemwishia," alisema muongozaji, mtu mpole asiyependa shari.

"Dada? Simu yake haijazima tangu ainunue."

"Sasa unaogopa nini?"

Bosi alijua anachoogopa.

Onyesho lenyewe lilikuwa hivi: msichana anakwenda ofisi ya kufungishia ndoa, bwana harusi haji, msichana anasubiri mpaka ofisi inafungwa. Wenye kituo walipolisoma walitoa leso. Wasilolijua ni kwamba msichana huyo alikuwa Dada, miaka ishirini na sita nyuma, na shahidi pekee alikuwa mdogo wake wa miaka kumi na minne, aliyebebeshwa maua. Waliporudi nyumbani Dada alimwambia Mama kwamba yeye ndiye aliyemkataa mwanaume. Akasemwa, akaitwa kichwa ngumu, akavumilia. Kwake ilikuwa afadhali kuitwa jeuri kuliko kuonewa huruma. "Sitamwambia mtu," mdogo wake aliapa. Na kweli hakumwambia mtu. Sasa alikuwa anakwenda kuwaambia watu wote kwa mpigo mmoja, akiwemo Mama, ambaye hakosi kipindi hata akiwa na homa.

Alijitetea moyoni kwamba amebadilisha kila kitu. Msichana amekuwa muuguzi, bwana harusi amekuwa rubani, na mvua inanyesha. Isitoshe, Dada hasomi miswada. Ukiacha wenye kituo, hakuna aliyeisoma kabla ya siku yenyewe, maana Bosi aliifungia kabatini akiogopa isivuje. Kilichotoka mapema ni orodha ya mavazi tu, wiki moja kabla, ili mshonaji apate nafasi. Na hapo ndipo alipojitia kitanzi. Bosi hakuweza kumwandika mtu bila kuiona nguo yake mpaka kwenye mshono. Chini ya sare ya rubani, mstari wa saba ulisema: gauni la kijani, mkanda wa kitambaa hicho hicho, upindo wa chini umemaliziwa kwa uzi mweusi upande wa kushoto. Uzi wa kijani ulimwishia Dada asubuhi ile ya ndoa, na maduka yalikuwa hayajafunguliwa. Mkono wa Bosi uliuandika mstari ule bila kumwuliza mwenyewe. Aliligundua hilo leo asubuhi, akipiga mswaki, nusura ameze povu.

Alikwenda tena chumba cha mavazi, nyuma ya jengo. Cherehani ilikuwa imefunikwa. Orodha ilikuwa imechomekwa ukutani kwa pini, na pini ilipita katikati ya mstari wa saba. Akatoka, akarudi, akachambua vifungo ndani ya kopo bila sababu yoyote, akatoka tena. Mtu aliyewaandikia wengine misamaha isiyo na idadi, ya wezi, ya wazinzi, ya wakwe wabaya, hakupata hata neno la kuanzia la kwake mwenyewe.

Aliporudi ukumbi wa kurekodia alimkuta Dada amepiga magoti mbele ya mwigizaji, pini tatu mdomoni, anamalizia upindo wa gauni la kijani likiwa mwilini. Hakugeuka.

"Dada, onyesho hili nalifuta," Bosi alisema, kwa sauti kubwa kuliko alivyokusudia. "Sasa hivi. Nimekosa. Nisamehe."

Muongozaji alishika kichwa. Dada akazitoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye kola yake.

"Ulikuwa upande wa kulia," alisema.

"Nini?"

"Uzi mweusi. Wewe umeandika kushoto. Na hili benchi la nini?"

"Si tulikaa kwenye benchi..."

"Ulikaa wewe. Ukasinzia na maua yako. Mimi nilisimama, gauni lisijikunje, ili akija anikute nimenyooka." Akamgeukia muongozaji. "Liondoeni. Msichana asimame."

Benchi likaondolewa.

"Dada, Mama ataona."

"Natoka kwake. Kwa nini unadhani sikupokea simu? Heri alisikie kwangu kuliko kwa huyo rubani wako."

"Akasemaje?"

Dada alikata uzi kwa meno, akainuka kwa kujishika goti. Macho yake yalikuwa mekundu.

"Aliniambia kwamba mwaka ule alivaa nguo yake nzuri, akaenda kwao yule mwanaume, peke yake, kwa miguu. Akawaomba radhi kwa aibu niliyowatia. Mama yetu, mdogo wangu. Alipiga magoti." Akapangusa vinyuzi gotini. "Na yule bwana alikuwa palepale sebuleni, anasikia. Wakamwambia Mama wameshasamehe."

Machozi yalimjaa Bosi. Alimwonea Mama uchungu wa kweli, hilo asisingiziwe. Lakini mkono wa kulia ulikuwa umeshapanda, vidole viko kwenye penseli.

Dada aliuona. Hakufoka. Alinyoosha mkono, akaichomoa penseli nyuma ya sikio la mdogo wake kama anavyochomoa pini kwenye kitambaa, akaitia mfukoni mwa aproni yake.

"La kwangu nimekupa," alisema. "Hili ni la Mama. Twende, yuko peke yake."

Muongozaji aliuliza kama waanze, nao walikuwa wameshafika mlangoni. Njiani mkono wa Bosi ulipanda mara mbili, ukakuta sikio tupu, ukashuka. Walipofika, Mama alikuwa bado kwenye kiti alichoachwa asubuhi, chai imepoa mbele yake. Bosi alivuta kigoda, akaketi miguuni pake, na saa nane ikapita.