Santuri Juu ya Hita

Ameer aliigusa santuri, akaurudisha mkono kama aliyeshika pasi ya moto. Ilikuwa imepinda. Na si kupinda kwa kufichika. Ukingo mmoja ulikuwa umenyanyuka kama chapati iliyosahauliwa kwenye chuma.

Sebule yao ya ghorofa ya tisa, mtaa wa Flemingdon Park huku ughaibuni, ilikuwa imejaa wageni waliokuja kula. Mkewe, Shamshad, alikuwa anawamalizia wageni umbeya wa harusi ya Mississauga. Hakuna aliyemwona Ameer.

Kosa lenyewe alilifanya kwa huruma. Huko Tanga alipiga ngoma miaka ishirini, na ngoma haipigwi ikiwa baridi, unaipasha kwanza motoni. Basi binti yake Tasleem alipoingia na santuri kutoka kwenye theluji, baridi utadhani imetoka kwenye friza, mzee akailaza juu ya hita ipate joto. Tasleem alitaka kuirekodi, aitie kwenye miksi, mchanganyiko wa nyimbo atakaoupiga ukumbini kesho.

Na si mali yao! Ni ya Nélida, jirani Mperu wa ghorofa ya nne. Yeye ndiye aliyewasimulia jinsi vijana wa kwao, huko kwenye misitu ya Amazoni, miaka ya sitini, walivyouchukua muziki wa kumbia wa Kolombia, kodiani wakaiweka kando, wakashika magitaa ya umeme. Siku ya kwanza kuusikia muziki huo, Ameer alisimama na mwiko mkononi. Gitaa lilikuwa linalia na kucheka kwa pumzi moja. Kwenye santuri hii anayepiga solo ni marehemu baba yake Nélida. Nakala nyingine hajawahi kuiona.

"Baba, Nélida yuko kwenye lifti. Santuri iko wapi?" Tasleem akaiona. "Umeifanya nini?"

"Nimeipasha."

"Umeipasha? Hiyo ni sambusa, baba?"

"Mwambie ilikuja hivyohivyo," Shamshad akanong'ona.

Mlango ukagongwa. Ameer akaichukua santuri. Akafungua.

"Dada, nimeiharibu mimi. Nisamehe."

Nélida aliipokea, akaiweka kwenye mashine ya santuri ya Tasleem, akashusha sindano. Gitaa likatoka, likazama, likaibuka kama mtu anayepiga mbizi mtoni. Kisha sindano ikaruka. Akarudia. Ikaruka palepale, kabla tu ya solo.

"Weka kidole hapa," alimwambia Ameer, akimwonyesha kichwa cha sindano. "Ikandamize kidogo tu. Ukizidisha, utaikwangua. Tasleem, rekodi."

"Mimi?" Ameer aliuliza. "Mikono yangu inatetemeka, dada."

"Yangu inatetemeka zaidi."

Ameer akaweka kidole. Chini yake santuri ilipanda na kushuka, ikapanda na kushuka. Jasho lilimtiririka hadi kwenye kope, hakuthubutu kulifuta. Pale pa kuruka pakafika, pakapita. Solo ikaanza, nyembamba, ikiyumba. Nyumba nzima hakuna aliyetafuna.

"Zimebaki dakika mbili," Nélida alisema, macho kwenye kidole kile. "Usipumue."