Kitambaa cha Nyuma ya Kompyuta

Kila asubuhi Evaline alifungua duka la steshenari la Mama Rogathe kwa utaratibu uleule. Alianza kwa kufagia vumbi lililopenya chini ya mlango usiku, maana upepo wa Same haubishi hodi. Kisha alipangusa mashine ya fotokopi, akaondoa kitambaa kikubwa cha kufuma kilichofunika kioo cha kompyuta, akakikunja mara nne na kukiweka kwenye droo. Kitambaa kidogo, kile cha kufunika boksi la kompyuta, hakukigusa. Boksi halikuwa na kitu cha kuwaonyesha wateja, kwa hiyo lilikaa limefunikwa kutwa kucha, kama redio ya baba yake kule Mbaga, milimani.

Jumatatu hiyo alikuwa amekwisha kukikunja kile kikubwa mara mbili tu Hezroni alipoingia na kitu kilichofungwa kwenye gazeti. Harufu ya plastiki iliyoungua ilitangulia kuingia.

Evaline alijua ni nini kabla gazeti halijafunguliwa. Same nzima ilikuwa imesikia. Hezroni alikuwa fundi redio wa shamba la katani, hadi shamba lilipouzwa na watu wakapunguzwa kazi. Kwa kiinua mgongo chake alinunua televisheni na mashine ya gemu, akafungua chumba nyuma ya soko, na kwa mwaka mzima makondakta na wanafunzi walipanga foleni kuchezea pikipiki inayoruka milima. Juzi, baada ya mgawo, umeme ulirudi kwa kishindo. Televisheni ilipona. Mashine ya gemu ikawa hii iliyolala sasa juu ya kaunta, tumbo jeusi.

Hezroni alimwamkia Mama Rogathe, aliyekuwa ameingia nyuma yake, akaitikiwa, kisha akaeleza shida yake kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuirudia njiani. Alisema rafiki yake Salimu wa Moshi amempatia disketi mbili. Ndani yake kuna programu inayoitwa emuleta, ambayo huifanya kompyuta ijione kuwa ni mashine ya gemu. Gemu zenyewe zimo humo humo, kila moja faili dogo. Aliomba kujaribu katika kompyuta ya duka, saa zile za mchana ambazo hakuna wateja wa kuchapiwa barua.

Mama Rogathe, mjane mwenye mwili na maneno, alishusha miwani. Alisema yeye kompyuta yake imetoka Dubai ikiwa mtumba, lakini ni mtumba wenye heshima. Watu wanaojifanya amewachoka, na sasa analetewa mashine inayojifanya. Hata hivyo alikuwa na moyo. Alimpa hadi Ijumaa jioni. Gemu ikicheza saa nzima bila kusimama, Hezroni ataleta televisheni yake na viti, na chumba cha nyuma kitakuwa chake kila siku kuanzia saa kumi. Ikishindwa, basi.

Hezroni alishukuru. Akasema kwamba ikishindwa hatamsumbua mtu tena. Mjomba wake wa Arusha amemtafutia kazi ya kupakia mizigo ghalani, na Jumamosi saa tatu atapanda basi.

Evaline alipotazama mikono yake aliona kitambaa kimekunjuka chote.

Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, amehitimu chuo cha uhazili, na mtu mmoja tu hapa Same ndiye aliyemfanya asahau bei ya fotokopi. Miezi minane Hezroni alikuwa akija kunakili michoro ya redio, na miezi minane Evaline hakuwahi kumwambia zaidi ya "Karibu, Kaka Hezroni" na "Subiri ipoe, wino usikupake." Mengine yote aliyaandika kwa hati mkato, katika daftari ambalo hakuna mtu Same aliyeweza kulisoma.

Mchana ule walikaa wawili mbele ya kioo. Hezroni hakuwa mtu wa kuficha ujuzi. Kila alichofanya alikieleza, na Evaline, kwa kukosa la kufanya na mikono yake, alifungua daftari akawa anaandika.

"Kaseti ya gemu ni maandishi tu, dada," alimwambia. "Ile mashine iliyoungua ilijua kuyasoma. Kompyuta haijui lugha hiyo. Sasa emuleta ni kama mkalimani kanisani. Mchungaji anahubiri Kiswahili, mkalimani anawapa bibi zetu Chasu, na hakuna anayerudi nyumbani bila mahubiri."

Alinakili programu toka disketi ya kwanza, na gemu toka ya pili, akaziweka katika jalada moja ndani ya kompyuta ili emuleta isihangaike kuzitafuta. Akaionyesha jalada lilipo. Akachagua ukubwa wa picha. Halafu akatoa mfukoni kitu kilichomfanya Evaline asimamishe kalamu. Ilikuwa pedi ya ile mashine iliyoungua, ile ya kushika kwa mikono miwili, lakini waya wake sasa uliishia kwenye plagi ya printa. Alikuwa ameulehemu mwenyewe asubuhi, umeme ukiwa umekatika, kwa chuma alichokitia kwenye jiko la mkaa. Nyuzi tano nyembamba kama za kufumia, kila moja imekaa mahali pake, hakuna tone lililomwagikia jirani yake. Evaline, aliyefuma tangu darasa la tatu, aliijua kazi ya mkono uliotulia.

Gemu ilifunguka. Muziki wake mwembamba ulitoka, pikipiki ikanguruma, na wateja wawili waliokuja kununua bahasha wakabaki kusimama. Ilicheza dakika arobaini na tano, hadi zamu ya mgawo ilipofika na kila kitu kikazimika. Hezroni alicheka. Alisema bado robo saa tu, na robo saa haijawahi kumshinda mtu.

Alipokuwa akikusanya vitu vyake, macho yake yaliangukia kile kitambaa kidogo. Aliuliza kimefumwa na nani. Evaline akasema ni yeye. Hezroni akakigusa ukingo kwa kidole kimoja na kusema kazi kama hii hata shangazi yake wa Usangi angeivulia kilemba.

Basi. Jioni ile Evaline alifuma kipya. Kilikuwa cheupe, ukingo wa buluu, na nyuma alikirefusha hadi mezani, akakitia kamba mbili za kufunga, kwa sababu aliona kwamba kule nyuma feni ya kompyuta huvuta vumbi, na kompyuta hii sasa ilikuwa imebeba maisha ya mtu. Jumanne asubuhi alikifunga kwa fundo zuri. Hezroni alikiona, akatabasamu, akawasha kompyuta. Nani anayeshangaa kuona kitambaa juu ya redio?

Siku hiyo gemu iliganda baada ya dakika kumi. Pikipiki ilisimama hewani, na sauti ikang'ang'ania noti moja kama mbuzi aliyenaswa kwenye uzio.

Aliizima kompyuta, akaiwasha, ikaganda tena. Jumatano aliifuta emuleta na kuiweka upya. Akaondoa sauti ili kuipunguzia mzigo. Akapunguza picha hadi ikawa kama stempu. Alhamisi alipiga simu Moshi, Salimu akamwelekeza mipangilio mingine, akaifuata yote. Ilicheza dakika kumi na mbili.

Katika siku hizo tatu Evaline hakumsikia akitukana wala kuipiga mashine kofi, kama wafanyavyo watu na redio. Kila ilipoganda alisema taratibu, kana kwamba anaongea na mgonjwa, haya, tuanze tena. Mteja mmoja, dereva wa lori la jasi la Makanya, alimtania kwamba pikipiki yake imeishiwa mafuta angani. Hezroni akamjibu kwamba ndiyo ubaya wa kujaza mafuta kwa madereva wa Makanya. Watu wakacheka, naye akacheka, lakini Evaline aliona jinsi alivyokuwa akifuta viganja kwenye suruali.

Ijumaa jioni haikufika hata dakika tisa. Hezroni aliifuta emuleta na gemu zote, akairudisha kompyuta kama alivyoikuta, akamshukuru Mama Rogathe kwa mikono miwili. Disketi na pedi alimwachia Evaline. Alisema Arusha hatakuwa na pa kuzichomeka, na labda siku moja atapita mtu mwenye akili kumzidi yeye. Evaline alitaka kusema kitu. Alisema, "Safari njema, Kaka Hezroni."

Jumamosi ni siku ya kufua vitambaa. Evaline alifungua duka saa moja kamili, macho yamemvimba, akaanza kufungua zile kamba mbili. Akakigeuza kitambaa kipya. Nyuma, mahali kilipogusa boksi, palikuwa na duara lenye rangi ya chai, na katikati yake pamekauka kama pamepitiwa na pasi ya moto. Kwenye matundu ya feni palikuwa na zulia la vumbi na nyuzi nyeupe.

Alilitazama lile duara muda mrefu. Alikumbuka kwamba Jumatatu, kitambaa kilipokuwa kifupi, gemu ilicheza dakika arobaini na tano. Alikumbuka fundo lake zuri la Jumanne. Barua moja, kisha kompyuta inazimwa: kazi hiyo boksi liliiweza hata likiwa limefungwa pua. Lakini kumbeba mkalimani mgongoni saa nzima ilikuwa kama kupanda kilele cha Shengena, na yeye alikuwa amelipandisha mlima limefunikwa blanketi.

Saa ya ukutani ilisema saa moja na dakika kumi na tano.

Alipangusa matundu ya feni kwa brashi ya mashine ya fotokopi. Akawasha. Akafungua daftari, akatafuta ukurasa wa Jumatatu, na hati mkato yake ikamrudishia sauti ya Hezroni neno kwa neno: nakili disketi ya kwanza, tengeneza jalada, disketi ya pili, ionyeshe jalada. Kioo kilimwambia hakuna gemu. Akarudi nyuma mistari mitatu, akaona ameziweka nje ya jalada, akazihamisha. Akachomeka pedi mahali pa printa. Alipobonyeza, pikipiki haikusogea. Akasoma tena: chagua pedi, kila kitufe kipewe kazi yake. Akakipa kila kitufe kazi yake. Pikipiki ikaondoka.

Evaline hakuwahi kucheza gemu maishani. Alianguka mlima wa kwanza mara saba. Hakujali. Mkono mmoja ulishika pedi, mwingine ulikuwa juu ya boksi kama mkono wa mama kwenye paji la uso. Dakika kumi zilipita. Ishirini. Boksi lilikuwa na joto la uji uliopoa. Mama Rogathe aliingia, akaduwaa kumwona karani wake akiendesha pikipiki, akasikiliza maelezo, akalitazama duara la kitambaa. Akavuta kiti akaketi.

Ilipotimia saa nzima na pikipiki bado inaruka, Mama Rogathe alichukua pedi kutoka mikononi mwake. Akasema ahadi ni ahadi, na kwamba basi la Arusha halina tabia ya kumsubiri mtu anayelia.

Evaline alikuwa hajawahi kuacha duka saa za kazi. Alipita barabara ya lami nusu akikimbia, kitambaa bado kiko mkononi. Stendi, wapiga debe walimzunguka wakimwahidi siti ya dirishani, mmoja akamuuliza kama huo ndio mzigo wake wote. Hezroni alikuwa ameketi juu ya begi karibu na basi lililokuwa likipakia.

Evaline alimpa kitambaa. Alimwonyesha duara. Alimweleza yote bila kuinua macho: kamba, feni, nyuzi, dakika arobaini na tano za Jumatatu. Alisema kosa ni lake na anaomba radhi. Alisema ameiweka emuleta upya kwa maelekezo ya Hezroni mwenyewe, imecheza saa nzima, na Mama Rogathe amesema ahadi ni ahadi.

Hezroni aligeuza kitambaa huku na huku, akapitisha kidole kwenye lile duara.

"Fundi mzima," alisema, "nimefungua kila kitu siku nne, nikaacha kufungua fundo la kamba." Akacheka, kisha kicheko kikaisha. "Kwa hiyo umeiweka peke yako?"

Evaline aliitikia kwa kichwa.

Hezroni alisema amefurahi. Alisema hivyo mara mbili. Kisha akasema, akiangalia matairi ya basi, kwamba sasa Mama Rogathe hana haja ya fundi. Televisheni atanunua, pedi ipo, na mtu wa kuendesha ile kazi amepatikana, tena ana mkono mzuri kuliko wake. Mjomba ameshazungumza na tajiri wa ghala. Kondakta alipiga bodi ya basi kwa kiganja. Hezroni akasimama, akaokota begi, akamrudishia kitambaa.

Evaline hakukipokea. Aliona kwamba sababu zote alizokuja nazo zilikuwa zimekwisha, zimebebwa na kazi yake mwenyewe nzuri, na kwamba imebaki moja, ile iliyojaza daftari miezi minane. Wapiga debe walikuwa wanatazama. Aliinua macho.

"Mimi sikukimbia kwa ajili ya gemu, Hezroni," alisema. "Hata ile kompyuta ikiungua leo, nataka ubaki."