Kijishimo cha Bi Mazal

Kila kitu katika nyumba ile kilishika vumbi, isipokuwa kijishimo kimoja. Kilikuwa kwenye mwimo wa mlango wa mbele, mkono wa kulia, kirefu kama kidole, kimeinama kidogo. Nankya alikiona wiki yake ya kwanza ya kazi za ndani Maskati. Akadhani ni mchwa, akakiziba kwa unga wa ngano uliokandwa.

Bi Ruba, mwenye nyumba, alipopapasa hapo kama desturi yake akakuta unga, alicheka mpaka akakaa chini.

"We mtoto wa Kiganda, unaupikia mlango chapati?"

Akauchokoa kwa kibanio cha nywele huku akisimulia. Zamani mtaa ule ulikuwa na Mayahudi. Nyumba hii ilikuwa ya Bi Mazal, shoga wa bibi yake. Humo kijishimoni walitia maandiko yao, na kila aingiaye huyagusa. Walipohama, Bi Mazal aliyachukua, akamwachia bibi huyo nyumba, akaomba pahala pa maandiko pasizibwe.

"Bibi yangu kagusa, mama kagusa, na mie nnagusa. Muislamu mie, na sijapungukiwa kitu."

Tangu siku hiyo Nankya naye akawa anagusa, kila arudipo na mkate.

Mwaka wa nne, Bi Ruba alipelekwa kwa bintiye, mtaa wa Azaiba, kutibiwa macho. Siku hiyohiyo mwanawe, Yaqoob, akaja na kopo la gundi ya kuzibia mbao.

"Ziba hilo tundu. Kesho wapaka rangi wanakuja. Yallah!"

Nankya, ambaye hakuwahi kumjibu zaidi ya "sawa, baba", aliegemeza mgongo kwenye mwimo, chini ya kijishimo.

"Siwezi, baba."

"Huwezi au hutaki?"

"Sitaki. Bibi akirudi atapapasa."

"Na wageni wakiuliza? Niwaambie nyumba yetu ilikuwa ya Mayahudi?"

"Waambie ilikuwa ya Bi Mazal."

Yaqoob akacheka kwa hasira. "Hata darasa la saba hukumaliza, leo unanifundisha ya nyumba yetu! Nitakukatia tikiti ya Entebbe."

"Kata."

Hakusogea. Yaqoob akanyoosha mkono amsukume, akausitisha hewani, akautua pale mama yake alipozoea kugusa. Akalitua na kopo.

"Tundu la watu waliokwisha kuondoka," alinung'unika. "Linakuuma nini wewe?"

Nankya alikuwa amelibeba jibu miaka minne bila kulitoa.

"Na mimi nitaondoka, baba. Nataka abaki mtu humu wa kusema: Nankya alikaa hapa."