Samaki wa Bure wa Baba Khairat

Mama wenzangu mlioletewa ndani ya nyumba zenu ile miwani ya VR, hongereni. Mmepata mtu mzima anayekaa ukumbini amezibwa macho kwa dude jeupe, anapunga mikono hewani kama anafukuza nyigu, na ukimwita kula anakujibu ngoja kidogo, nipo kisiwani. Kisiwani tupo sote. Yeye yupo kingine, cha bure.

Hilo neno bure ndilo lililonikalisha chini kuandika. Mie nimesoma mpaka darasa la saba tu, sitojifanya fundi wa mitambo. Ninayoyaeleza ni yale yaliyotokea nyumbani kwangu, hapa Mtambile, Pemba, na nusura yanikoseshe mkwe na mtoto kwa pamoja.

Miwani aliileta shemeji yangu Haidar kutoka Maskati, zawadi ya kaka yake. Angeweza kuleta pazia. Angeweza kuleta mashine ya kusagia nyama. Akaona kaka mtu, mwenye duka la misumari na rangi na mvi zake kidevuni, kinachompungukia duniani ni michezo. Naye mume wangu Haroub, ambaye hajapata kumpa mteja hata msumari mmoja wa nyongeza, alipofungua lile duka lililomo ndani ya miwani akakuta kila mchezo una bei yake, alikasirika kama mtu aliyetukanwa. Akaapa hatonunua. Michezo ya bure imo, alitwambia, kazi ni kujua kuitafuta.

Akaitafuta. Bidii ile angeitia kwenye kutafuta bati la jiko langu, leo nisingekuwa napika huku nimekinga ndoo. Kwanza alipata michezo ya majaribio. Hiyo ni bure kweli, mpaka inoge. Kuna jitu moja lenye pembe alikuwa akipigana nalo, na kila akiinua upanga wa kulimaliza, giza linaingia, linatokea tangazo la kumwambia nunua ili uendelee. Jitu lile mpaka leo li hai. Halafu akapata mchezo wa kurusha ndege, bure, ila ndege haina mafuta, na mafuta ndiyo yanayouzwa. Halafu akamfuata kijana mmoja wa mtandaoni anayefundisha kuingiza michezo kwa waya kutoka kwenye kompyuta, michezo ambayo dukani haimo. Miwani ikaugua, ikawa inajizima na kujiwasha peke yake, mpaka Haidar akamwelekeza kwa simu namna ya kufuta kila kitu na kuanza upya.

Ndipo alipoupata ule wa kuvua samaki.

Huo ulikuwa bure kuanzia mwanzo mpaka mwisho. Unaingia, unapewa fimbo ya mshipi, unasimama kwenye gati la mbao pembeni ya ziwa lenye milima, unavua. Mwanamme aliyezaliwa Pemba, asiyejua hata kumpara magamba samaki changu, ikawa kila akiswali adhuhuri anafunga duka, anarudi nyumbani na kuvaa miwani kwenda kuvua samaki wasiolika. Nilimuuliza ataniletea kitoweo lini. Akanambia mie sina akili ya mambo ya kisasa.

Ambalo hakunambia, kwa sababu kwake halikuwa jambo, ni kwamba lile ziwa lina watu. Wanaingia pamoja watu wa dunia nzima, na kila anayeingia, maiki ya miwani yake inakuwa wazi mpaka aifunge mwenyewe. Haroub hakuifunga. Hakujua kama iko wazi, wala hakujua kama ipo.

Sasa likaja kosa letu wanawake. Kwetu mwanamme akiwa ukumbini, mgeni wa kike hapiti hapo. Huzunguka mlango wa uani, tukakaa huko na yetu. Lakini masika yale uani palikuwa tope tupu. Shoga yangu Mardhiya, jirani yangu wa ukuta kwa ukuta, alisimama mlangoni akachungulia, akamwona Haroub na dude lake usoni. Akasogea, akampungia mkono mbele ya pua. Haroub kimya, anavua. Mardhiya akasema, "Huyu hayupo," akavua mtandio wake, akakaa.

Tangu siku hiyo mume wangu tukamhesabu kama kabati. Tukichambua mchele mbele yake, tukisukana nywele mbele yake, na yale yasiyosemwa mbele ya wanaume tukayasema kwa raha zetu.

Lililosemwa zaidi ni ndoa ya Khairat, mwanangu wa pekee. Alikuwa kaposwa na Jabir, kijana wa Vitongoji aliyeajiriwa duka la simu huko Maskati. Posa ilishapokewa, na binti mwenyewe anampenda, hilo halikuwa na shaka. Hofu ilikuwa yangu mie. Mtoto wa kwanza huzaliwa kwa bibi yake mzaa mama, ndivyo nilivyozaa mie na ndivyo alivyozaa mama yangu. Khairat akishika mimba Maskati, nani atakuwa naye? Nani atamkanda kwa maji ya moto, nani atamfunga tumbo? Hofu hiyo sikumwambia Khairat wala baba yake. Niliisema mbele ya kabati.

Tena sikuisema kwa uzuri. Mardhiya alinionesha kwenye simu picha ya Jabir kaegemea gari jeupe. Nikasema lile gari ni la mpita njia, na huyo alivyosimama upande upande anaogopa mwenye gari asitokee. Mardhiya akacheka mpaka mchele ukamwagika. Ukimchekesha shoga yako unapata hamu ya kuongeza, nami nikaongeza. Nikasema, "Laiti angekataa mwenyewe. Sie tukikataa aibu yetu. Akikataa yeye, bahati yetu."

Haroub, pale pale tulipo, alikuwa kashika samaki mkubwa, anahangaika kumvuta. Hakusikia neno. Tangu anioe hasikii ninachosema, sikutegemea aanze siku hiyo. Maiki ilisikia.

Baada ya siku chache akaja Mzee Mjaka, mshenga wetu, na uso wa kuleta tanzia. Alikunywa kahawa kwanza, akauliza hali za watu waliokuwa hawajaumwa. Mwishowe akasema kijana anatuheshimu sana, lakini anajitoa. Mzee mwenyewe alikuwa haelewi. "Kanisisitiza nifikishe kwa maneno haya haya," alimwambia Haroub. "Bora akatae mwenyewe, pasiwe na aibu kwa mtu."

Mie nilikuwa nyuma ya pazia na sinia mkononi. Yale maneno niliyajua kama ninavyoijua kanga yangu.

Khairat hakulia mbele yetu. Aliingia chumbani, akawa anatoka kutia udhu na kurudi. Simu alizompigia mchumba wake hazikupokewa, sahani alizirudisha kama zilivyokwenda. Na baba yake, tulipokaa kula, akasema kwa huzuni kuwa hata yeye alishamzoea kijana, maana kila mchana walikuwa wakivua pamoja.

Nikamuuliza walikuwa wakivua wapi.

Ziwani, akanambia, bila wasiwasi wowote. Alipoupata ule mchezo alifurahi hata akamtumia Jabir apate kuingia naye. Maskati maduka hufungwa mchana kwa joto, kijana ana nafasi, na pale kazini kwao ipo miwani ya kuoneshea wateja. "Mtoto ana adabu yule," akasema Haroub. "Hatii neno. Anavua kimya mpaka mie nitoke. Hata sasa namwona, ila siku hizi anasimama gati la ng'ambo."

Adabu kweli. Angekuwa mshenzi kidogo angekohoa, tukajua kama yupo.

Nakwambieni kweli, nilifikiri kunyamaza. Nilichokiomba nilikuwa nimekipata, tena vile vile nilivyokiomba, na mbaya ni Jabir. Mwanangu anabaki Mtambile, miezi miwili mitatu atasahau, atapatikana mwengine wa Mkoani au wa Chake, mahali pa nauli ndogo. Nilikaa na fikra hiyo nikiiona tamu. Kisha Khairat akanifuata jikoni, akakaa kwenye kibao cha mbuzi cha kukunia nazi, akaniuliza, "Mama, nimemkosea nini yule mtu?" Aliniuliza kama anayemuuliza mtu anayejua. Nikageukia moto nikasema moshi unaniumiza.

Kumpigia Jabir sikuweza. Mama mkwe hampigii mkwe simu kumzungumzisha mambo ya namna hiyo, na nikimpa ujumbe Mzee Mjaka, utafika Maskati ukiwa umepita kila nyumba ya Vitongoji. Palibaki ziwani. Kesho yake baada ya adhuhuri nilimpokonya mume wangu miwani yake. Akanifunga mikanda kichwani juu ya mtandio, akanipa vile vishikizo vya mkononi, akasimama pembeni ananielekeza kama anayefundisha mtu kuendesha gari lake mwenyewe.

Mama wenzangu, ziwa zuri, siwadanganyi. Lakini mwili wa bure niliopewa ulikuwa wa mwanamme mwenye masharubu, tena hana miguu. Miili yenye miguu inauzwa. Watoto wa lugha nisizozijua walikuwa wakipiga kelele na kurushiana samaki. Nikaelea na masharubu yangu mpaka gati la ng'ambo, na huko nikamkuta bata mkubwa wa manjano amesimama peke yake na mshipi wake. Juu ya kichwa chake pameandikwa Jabir. Naye alikuwa wa bure.

Nikatoa salamu. Bata akaitikia, "Waalaykumussalam, mzee," kwa sababu aliona jina la Haroub.

"Si mzee," nikasema. "Ni mama yake Khairat."

Mshipi ukamtoka mkononi. Akasema kwa sauti ya chini, "Mama, hapa pana watu."

Nikamwambia hao hawajui Kiswahili. Hapo hapo mzungu mmoja aliyekuwa nyuma yetu na kofia ya manyoya akasema, "Mie najua, bi mkubwa. Mie wa Fundo, hapo hapo Pemba, nasoma Uturuki. Endelea tu, sisikilizi."

Nilitamani niivue miwani niitupe chooni. Lakini nilijua nikiivua sitoivaa tena. Nikaendelea, na wa Fundo akiwa hasikilizi. Nikamwambia Jabir yale maneno niliyasema mie, sikutumwa na mtu na hakuna wa kumsingizia. Kwamba nilitamani akatae kwa sababu naogopa, mwanangu akizaa kule hatokuwa na wa kumkanda. Na kwamba lile la gari nilisema kwa kutaka kuchekesha.

"Gari kweli si langu, mama," akasema bata.

Sikujua nicheke au nini. Yeye hakucheka. Akaniuliza kama Khairat anajua kuwa nimekuja. Nikasema hajui. Hajui lolote.

"Basi mie nilidhani yale ndiyo yake pia," akasema. "Nilidhani kakuachia wewe useme. Ndiyo maana simu sikupokea. Mwambie yeye, mama. Kwangu mie yamekwisha, lakini simu yake siwezi kuipokea kabla hujamwambia, maana ataniuliza kwa nini, na mie sitomsema mama yake."

Wa Fundo akasema, "Maneno hayo." Nikamwambia avue samaki wake.

Nilivua miwani nikiwa nimelowa jasho. Haroub alikuwa kakaa kwenye kiti, na kwa mara ya kwanza naona alisikia kila neno langu, maana hakuniuliza chochote, hata lini atapewa zamu yake. Nikaenda chumbani kwa Khairat, nikakaa ukingoni mwa kitanda, nikamweleza. Sikupunguza. Nilipofika kwenye "bahati yetu" nikairudia mara ya pili, ili isije ikaonekana nimeificha.

Alinisikiliza akiwa ameshika simu. Akauliza baba yake alikuwa wapi wakati nasema hayo. Nikamwambia alikuwepo.

"Mama," akasema, "sitokutolea neno baya, wewe ni mama yangu. Lakini nikijaaliwa mtoto, pa kujifungulia nitapachagua mie. Usije ukaniuliza." Kisha akaomba nimfungie mlango nikitoka, na kabla sijafika jikoni nikasikia anazungumza na mtu.

Posa ikarudi, Mzee Mjaka akanywa kahawa tena, mara hii kwa uso wa watu. Ndoa ilifungwa baada ya Idi na wameshakwenda Maskati.

Haroub anaendelea kutafuta michezo ya bure. Yupo kwenye mmoja wa kulima, yeye ambaye mikarafuu yake imeliwa na magugu. Siku hizi kabla Mardhiya hajavua mtandio, tunamvua Haroub miwani kwanza, tunamtoa nje yeye mwenyewe, na miwani tunaifunga ndani ya sanduku la nguo. Mkitaka shauri langu fanyeni hivyo hivyo, na msichukue ahadi ya mwanamme kwamba kaifunga maiki. Wangu aliniapia kaifunga, kumbe kaizima taa ya ukumbini.

Khairat hupiga simu kila Ijumaa. Ananiuliza mgongo, ananiuliza mvua, halafu anamtaka baba yake. Wiki iliyopita Haidar alitupigia kutoka Maskati, akatwambia kwa furaha kuwa Khairat ana mimba, akidhani tunajua. Nilipozungumza na Khairat sikumuuliza atazalia wapi, nimekatazwa. Nilimuuliza tu atakuja lini kututembelea. Akasema inshallah, kwa sauti ile ile ninayoitumia mie nikiwa sitaki mtu aendelee kuniuliza.