Matanga ya Kapteni Barasa

Walikuja na viti vyao. Ndivyo nilivyojua kwamba hawakuja kunitania. Mtani husimama mlangoni, akasema lake, akaenda zake. Hawa walikuwa wamebeba viti vya plastiki vichwani, Jumapili baada ya ibada, wakavipanga uani mbele ya chumba changu cha kupanga hapa Kyebando. Oyet, mwanajeshi mstaafu, alivua kofia.

"Pole, Wanjala," akasema. "Sisi nasikia ndugu yako amekufa."

Ndugu yangu huyo alikuwa Mrusi. Hakuwahi kukanyaga Kampala, na mimi sijawahi kupanda ndege.

Kazi yangu ni kutia watu maneno mdomoni. Filamu za kigeni zikionyeshwa katika kibanda cha video karibu na kambi ya polisi, mimi hukaa pembeni na kipaza sauti, nikawaambia watazamaji wanachosema wale wa kwenye kioo. Mtu wa kazi hiyo hapa anaitwa vijei. Wenzangu wengi hufasiri kwa Kiganda. Mimi riziki yangu iko kwa askari na familia zao, watu wa kaskazini waliozoea Kiswahili cha kambini. Kirusi sikijui hata salamu. Namtazama mtu usoni, namwonea huruma au namchukia, halafu naanza kusema.

Huyo Mrusi, mwigizaji Rodion Zhelobin, nilipewa kama nyongeza. Emile, Mkongomani anayeuza filamu sokoni Kikuubo, alinitilia filamu moja ya Mrusi huyo juu ya zile nilizonunua. Humo alikuwa kapteni wa polisi, ana macho ya mtu aliyelala njaa. Nilimpenda papo hapo. Nikambatiza Barasa, jina la mjomba wangu wa kwetu Kimilili, Kenya, nikampa na ukali wa mjomba, na watu wakavunjika mbavu. Tangu hapo kila filamu yake iliyofika, awe mwizi, awe padri, awe babu wa mtu, kibandani alikuwa Kapteni Barasa na sauti yake ilikuwa yangu. Tulizeeka pamoja. Nywele zake zilipopungua, nami nilipunguza kasi ya maneno.

Nje ya kibanda sikuwa na la kusema. Nilikuja Kampala kuuza vyombo, biashara ikafa, mke akarudi kwao akaolewa kwingine, na aibu ikanizuia kwenda nyumbani hata kwenye mazishi. Natoka kazini, nafunga mlango, nakula, nalala. Majirani niliwaitikia salamu tu. Nilikuwa mpweke, na upweke wenyewe nilikuwa nimeuzoea kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana.

Ijumaa ile Emile aliniambia, huku akinijazia filamu kwenye flashi, "Ile muzee yako ya Urusi ilikufa. Banaonyesha kwa simu." Jioni nikashika kipaza sauti kabla ya filamu kuanza, nikatangaza kwamba Kapteni Barasa ametutoka. Nilidhani watapiga mbinja wadai picha yao. Badala yake wengine wakasimama. Filamu ya Kichina iliyofuata niliifasiri vibaya kuliko zote maishani mwangu.

Na sasa walikuwa uani kwangu. Abalo, mjane wa polisi anayeuza mboga Kalerwe, tena jirani yangu mlango wa tatu, alikuwa ameshawasha jiko langu bila kuomba ruhusa na kubandika chai. Kufa kufaana, husema Waswahili: kifo cha mtu wa mbali kilinijazia uwanja.

"Lakini Mzee Oyet," nikamwambia kwa sauti ya chini, "huyu si ndugu yangu. Hata hatujuani."

"Sasa sisi tuende wapi? Urusi? Sauti yake iko hapa."

Nikakaa kwenye kiti cha mfiwa, nikapewa mikono ya pole. Kisha Oyet akataka historia ya marehemu, maana mtu haombolezwi bila watu kuambiwa alitoka wapi na aliishije.

Ningeweza kuitunga, ndiyo kazi yangu. Lakini maiti hachezewi, na Jumamosi nzima nilikuwa nimeshinda na simu nikisoma habari zake. Nikawaambia kwamba alizaliwa katika mji mdogo kando ya mto, mama yake akipiga deki ukumbi wa michezo ya kuigiza, naye akalelewa nyuma ya mapazia. Alipoajiriwa humo, kwa miaka mingi alipanda jukwaani kushika taa tu, bila neno. Siku moja wakampa sentensi moja, akaisema watu wakageuza shingo. Sinema ilimkuta na mvi. Ilimvika sare ya kapteni, nchi nzima ikamjua, lakini jukwaa hakuliacha. Kila jioni alirudi ukumbi uleule. Mkewe alitangulia. Mwanawe alihamia nchi nyingine.

"Alikufaje?" Abalo akauliza.

"Nyumbani kwake, peke yake. Wenzake wa jukwaani walipoona hatokei mazoezini ndipo wakaenda kuvunja mlango. Maiti yake ilikuwa imekaa humo siku kadhaa."

"Na majirani?"

"Hawakujua."

Watu wakaguna. "Mutu gani anakufa na jirani hajui?" Oyet akasema. Macho yakaanza kuhama, taratibu, kutoka kwangu kwenda kwenye mlango wangu.

"Na wewe, Wanjala?" Abalo alikuwa bado ameshika mwiko wa chai. "Ile siku yako, sisi tunapigia nani simu?"

Nikafungua mdomo. Nimewasemea wafalme, majambazi na maaskofu, sijawahi kukwama. Siku ile hata jina la uongo sikulipata.

"Sina mtu," nikasema.

Abalo akamimina chai, akanipa kikombe cha kwanza. "Haya. Kesho nikienda soko nitagonga. Wewe itika tu."

Walikaa mpaka jua likapoa, wakabeba viti vyao, wakaenda. Uwanja ukarudia ukimya wake. Niliosha vikombe, nikafunga mlango, nikalala usingizi wa mang'amung'amu.

Aligonga kukiwa bado giza. Nilikuwa nimeshavaa hata viatu, nimekaa kitandani, namngoja.