Kariakoo Simu Hazikufa

"Bwana Ansbert, shuka, nguzo yenyewe inauzwa hiyo," Bakili, fundi mwenzake wa upande wa Ilala, alimtania kutoka chini.

Ansbert hakucheka. Tangu redio itangaze kwamba Shirika la simu linatafutiwa mnunuzi, alikuwa akihesabu siku za kazi zilizobaki. Watu walisema wageni wakilichukua, mafundi wa laini ndio wa kwanza kupunguzwa. Nyumbani Severa, mkewe, alishaacha hata kumuuliza kama kazi bado ipo.

Na tuseme ukweli, mafundi hawa hawakuwa malaika. Walikuwa na mtindo wao: ukiunga waya, huuzibi. Unausokota tu, unauacha wazi, mvua ikinyesha simu inakufa, unaitwa tena. Mwenye duka anakupa ya soda, maisha yanaenda. Kariakoo nzima iliungwa hivyo.

Safari hii, lakini, Ansbert aliogopa kweli. Akajiambia, tukifanya kazi ya maana, watu wataacha kushangilia Shirika liuzwe. Akaanza kufungua viungo vyake mtaa kwa mtaa, akavikata, akaviunga upya na kuviziba barabara.

"Unaharibu soko wewe," Bakili akamwambia, akarudi zake Ilala.

Masika yakaingia. Ilala simu zikafa kama kawaida. Kariakoo ziliendelea kuita.

Mzee Ravindra, muuza vitambaa, ndiye aliyekuwa akipiga kelele kuliko wote mtaani kwamba Shirika liuzwe hata leo. Siku moja alimvuta Ansbert dukani.

"Fundi, nimebadili maneno yangu. Ngoja nimwambie bosi wako mwenyewe."

Akapiga palepale. Alimsifu Ansbert mpaka mwenyewe akaona haya: mvua yote hii, mtaa mzima hakuna simu mbovu, fundi anapita kusalimia tu. Kisha akampa mkonga wa simu. "Anakutaka."

"Hongera, Ansbert," meneja alisema. "Na umenirahisishia. Nimeagizwa nipunguze fundi mmoja kabla wanunuzi hawajaja. Bakili siwezi kumgusa, Ilala simu mbovu zimemzidi. Wewe huko kumbe huna kazi. Jumatatu lete ngazi na funguo."

Sauti haikukwaruza hata kidogo. Meneja alikata, Ansbert akabaki na mkonga sikioni.

"Umesikia ilivyo safi?" Mzee Ravindra aliuliza, uso umemchangamka.

"Safi sana, mzee."