Mikono Juu ya Dirisha

Karakana ya kushona sare ilikuwa na dirisha moja tu la maana, na kwa miaka yote ya utawala wa Mzee Mkasi, mwenye karakana, lilikuwa la mpwa wake, aliyeshona vibaya mchana kweupe. Bi Kifungo, fundi wa matundu ya vifungo, alikaa konani, chini ya taa iliyowaka inapojisikia. Macho yake yalikuwa yameanza kumtupa mkono. Tundu likienda upande, shati limeharibika. Mashati yakizidi kuharibika, kibarua kitaota nyasi. Hilo lilimnyima usingizi.

Aliwahi kumwomba mzee kiti cha dirishani. "Hapana," mzee alisema bila kuinua uso. Yakaisha.

Si kwamba mzee hakutaka maoni. Aliuliza sana. "Chai tuipunguze? Wanaokubali!" Mikono yote juu, tena upesi, maana mwenye mkono wa mwisho ndiye aliyebaki kufagia. Watu walifika mahali pa kuinua mkono kabla swali halijaisha.

Kwa hiyo mgongo ulipomlaza mzee nyumbani na binti yake akashika karakana, Bi Kifungo nusura apige vigelegele. Dada Meneja, ndivyo walivyomwita, alimwondoa binamu yake dirishani siku ileile, akawakusanya mafundi.

"Jamani, amri zimekwisha. Kuanzia leo tunaamua wote, kwa kura. Mmenielewa?"

Mikono yote ikaenda juu.

"Hapana, bado hatujaanza," alicheka. "Haya. Bi Kifungo anaomba dirisha kwa ajili ya macho yake. Wengine wanasema jua linawachoma, tuweke pazia zito. Wanaotaka pazia?"

Mikono ikapanda kufumba na kufumbua. Bi Kifungo aliona kitu kimesimama karibu na sikio lake. Kukitazama vizuri, ni mkono wake mwenyewe.

"Bi Kifungo! Hata wewe?"

"Umenitoka tu, mwanangu. Uliza tena."

Dada Meneja akauliza kinyume: wasiotaka pazia? Mikono ileile, kwa moyo uleule. Mpiga pasi aliinua yote miwili, asije akaonekana mvivu.

"Sasa nyie mnataka nini hasa?"

Fundi wa suruali alikohoa. "Wewe Dada unataka nini? Tuanzie hapo."

Maskini Dada Meneja, alijitahidi. Aligawa hata vikaratasi waandike kwa siri. Vyote vilirudi vimeandikwa "Ndiyo", na kimoja "Ndiyo kabisa".

"Basi!" Akapiga meza. "Naamua mwenyewe. Meza yangu itakaa dirishani, niwaone wote vizuri."

Makofi yakalipuka. Watu walishusha pumzi, wakapongezana. Uchaguzi ulikuwa umekwenda salama. Dada Meneja alishtuka kidogo, kisha akatabasamu, maana makofi ni matamu hata kwa mtu mwenye nia njema.

Bi Kifungo aliikalia mikono yake. Mzee alimnyima dirisha kwa neno moja. Hawa wamemnyima kwa pamoja, naye mwenyewe akiwemo.

"Nani hajapiga makofi?" aliuliza Dada Meneja, na karakana nzima ikaitambua sauti ya baba yake.

Bi Kifungo akasimama. "Mimi. Sikubali. Nataka dirisha."

Neno "sikubali" lilikuwa halijawahi kusikika mle ndani. Dada Meneja akaona haya.

"Haya," alisema taratibu. "Hiyo ni kura moja, na ndiyo ya kweli ya kwanza leo. Nani mwingine? Anayempinga?"

Safari hii hakuna mkono uliopanda. Kila mtu aliinamia cherehani yake, akashona kwa bidii ambayo hata mzee hakuwahi kuipata.

"Basi nimeshinda," alisema Bi Kifungo, "kura moja kwa sifuri." Akabeba kiti chake hadi dirishani, akaketi kwenye mwanga, machozi yakimlengalenga kwa furaha.

Hapo nyuma yake makofi yakaanza, na fundi wa suruali akamkimbilia na mto wa kukalia.